Watunzi wa Kantri Walipoingia Studio Wenyewe: Uanze na Albamu Ipi?

Nairobi, Nakuru, hata Arusha, utakuta mtu anayeimba The Gambler kuanzia ubeti wa kwanza hadi wa mwisho bila kukosea neno, na Kenny Rogers anamjua vizuri. Mwulize Don Schlitz ni nani, atanyamaza. Schlitz ndiye aliyeutunga wimbo ule, akaurekodi kwa sauti yake mwaka 1978, ukapita bila kelele hadi Rogers alipoutoa baadaye mwaka huohuo. Kwa Don Williams, anayependwa sana huku kwetu, mambo ni yaleyale: Amanda na Good Ole Boys Like Me zilitoka kwenye kalamu ya Bob McDill.

Nashville, jiji la Marekani lililo makao ya muziki wa kantri, imefanya kazi hivyo kwa miaka mingi. Kampuni za uchapishaji wa muziki, ambazo nyingi zimejazana kwenye mitaa michache iitwayo Music Row, humwajiri mtunzi na kumkopesha mirabaha ya nyimbo ambazo bado hazijauzwa, naye hujifungia na gita lake kutunga. Wimbo ukiiva, hurekodiwa harakaharaka kama kielelezo, kisha hupelekwa kwa prodyuza wa mwimbaji anayetafuta kibao. Mtunzi anaweza kuishi hivyo muda mrefu, kazi zake zikisikika redioni kila siku, na dukani asitambuliwe na mtu.

Mara mojamoja mmoja wao huamua kuimba mwenyewe. Hapa naweka bega kwa bega albamu tano za watu wa namna hiyo, kila moja ikiwa ya kwanza kwa mwenyewe: ...And Then I Wrote ya Willie Nelson (1962), Kristofferson ya Kris Kristofferson (1970), Old No. 1 ya Guy Clark (1975), 12 Stories ya Brandy Clark (2013) na Traveller ya Chris Stapleton (2015). Guy na Brandy hawana undugu, majina yamegongana tu.

Sikio lililolelewa na Jim Reeves litataka kuanza na sauti tamu. Nakushauri usianzie hapo. Sauti tamu utaipata kwa waimbaji, na wako wengi. Kwa mtunzi tafuta kile ambacho wimbo ulikiacha nyuma ulipokwenda kuimbwa na mtu mwingine. Kwa kipimo hicho albamu hizi tano zinaachana sana, na ndiyo sababu kuchagua kuna maana.

Nyimbo ambazo tayari unazijua

Tuanze na Willie na Kris, kwa kuwa wote wawili walirekodi nyimbo ambazo ama zilikuwa zimeshawatajirisha wengine, ama zilikuwa zinaelekea huko.

Willie alifika Nashville mwaka 1960 akitokea Texas, akiwa na njaa halisi. Wimbo wake Family Bible alikwisha kuuuza kwa dola 50, na Night Life kwa dola 150, haki zote zikaenda na mnunuzi. Hank Cochran, mtunzi mwenzake, akamwingiza kwenye kampuni ya Pamper Music, na mwaka 1961 peke yake ukambadilishia maisha: Faron Young alifika namba 1 ya chati ya kantri na Hello Walls, Billy Walker akarekodi Funny How Time Slips Away, na Patsy Cline akaimba Crazy. Kampuni ya Liberty ilipomwita Willie studio, jina la albamu lenyewe lilikuwa linawaambia wateja: mnayemsikia ndiye aliyeandika zile mnazozipenda.

Sikiliza Crazy ya Patsy kwanza, kisha ya Willie. Patsy, akiwa na prodyuza Owen Bradley, aliunyoosha wimbo. Kila neno lilitua mahali pake, likavutwa kwa pumzi ndefu, na kilio kikasikika hadi kiti cha mwisho ukumbini. Willie hafanyi hivyo. Anachelewa. Bendi inapiga, yeye anaacha pigo lipite, halafu anaingiza maneno matatu kwa mkupuo kama anayezungumza, na anafika mwisho wa mstari kwa wakati wake. Inasemekana Patsy mwenyewe alipata taabu na kielelezo cha Willie kwa sababu hiyo hasa. Ukimsikiliza Willie unamsikia mtu anayejiambia kwamba amekuwa mwehu, na hajaamua kama aone aibu. Patsy alikuwa ameshaamua.

Tatizo la albamu hii haliko kwa Willie. Prodyuza Joe Allison na watu wa Liberty walimvika nguo za wakati ule: waitikiaji wanaoimba nyuma kwa utaratibu wa kanisani, kinanda cha adabu, mpangilio wa kupendeza baa ya hoteli. Mara nyingine unatamani mtu angewaomba waitikiaji watoke nje kidogo. Hata hivyo Touch Me ilifika namba 7 kwenye chati ya kantri, na The Part Where I Cry inaonyesha ujanja wake wa kutunga: maisha ya mtu yamegeuzwa filamu, na yeye anatuonyesha kipande ambacho nyota wake analia. Albamu yote ni nusu saa hivi. Utaimaliza ukiwa kwenye foleni ya magari.

Kristofferson ana uzito mwingine kabisa. Nitakaa kwake zaidi.

Huyu alizaliwa Brownsville, Texas, mwaka 1936, akasoma fasihi Oxford kwa udhamini wa Rhodes, akawa kapteni wa jeshi na rubani wa helikopta. Jeshi lilitaka akafundishe Kiingereza katika chuo chake cha maofisa, West Point. Mwaka 1965 aliacha yote akahamia Nashville kutunga nyimbo. Kazi aliyoipata ilikuwa ya kufagia na kumwaga majivu ya sigara katika studio za Columbia, na ndimo alimokuwa na ufagio wake wakati Bob Dylan anarekodi albamu yake Blonde on Blonde mwaka 1966. Alirusha pia helikopta kwenda kwenye majukwaa ya mafuta ya Ghuba ya Mexico, na huko baharini ndiko alikoandika Help Me Make It Through the Night. Kisa cha kutua na helikopta kwenye uwanja wa nyumba ya Johnny Cash ili nyimbo zake zisikilizwe kimesimuliwa kwa namna nyingi, ila kutua alitua.

Albamu yake ilitoka Juni 1970 kwa lebo ya Monument, prodyuza akiwa mwenye lebo, Fred Foster. Foster ndiye aliyempa Kris jina la Bobby McGee liwe mbegu ya wimbo, na ndiyo maana jina lake limo kwenye haki za utunzi. Nyimbo ni 12. Zitazame hizi nne na safari zake: For the Good Times ikamfikisha Ray Price namba 1 ya kantri mwaka 1970, Sunday Mornin' Comin' Down ikafanya hivyo kwa Johnny Cash mwaka huohuo, ikapewa tuzo ya Wimbo wa Mwaka ya CMA, chama cha muziki wa kantri cha Marekani, Help Me Make It Through the Night ikampandisha Sammi Smith mwanzoni mwa 1971, na Me and Bobby McGee, kwa sauti ya Janis Joplin ambaye alikuwa amekwisha kufariki, ikaongoza chati kuu ya Marekani Machi 1971. Albamu ya Kris haikuuzwa vizuri ilipotoka. Monument waliitoa upya mwaka 1971 kwa jina la Me and Bobby McGee, na safari hiyo watu wakainunua.

Sauti yake je? Ni nzito, inakwaruza, na haifiki juu. Kuna mistari inayomalizika kwa kuporomoka kwa sababu pumzi imekwisha. Aliyemzoea Jim Reeves atashtuka. Lakini linganisha Sunday Mornin' ya Cash na ya Kris. Cash anaiimba akiwa Cash, mtu mkubwa aliyevaa nyeusi, na ukubwa wake unaupa ule upweke wa Jumapili asubuhi heshima fulani. Kris anaiimba akiwa mtu aliyeamka peke yake katika chumba cha kupanga, akatafuta shati lisilochafuka sana, akatoka barabarani, akasikia harufu ya kuku anayekaangwa nyumbani kwa mtu, akapita karibu na shule ya Jumapili watoto wakiimba. Hakuna heshima. Kuna njaa, kichwa kinachouma, na familia za watu wengine. Nampenda Cash, na siku ile alipokataa kubadili neno la kulewa mbele ya kamera za televisheni aliutendea wimbo haki kubwa. Lakini nikitaka kuujua wimbo, narudi kwa Kris.

Kuna wimbo mmoja ambao kwangu ndio roho ya jambo zima la mtunzi kuimba: To Beat the Devil. Kris anaanza kwa kuongea, anautoa wimbo kwa Johnny na June Cash, kisha anasimulia juu ya mtunzi mwenye njaa anayeingia baa akakutana na mzee mwenye gita. Mzee anamwimbia kwamba hakuna anayesikiliza, kwa hiyo ya nini kuendelea. Kijana anakunywa bia ya yule mzee, kisha anauchukua wimbo uleule na kuugeuza ujibu. Sijui mwimbaji mwingine ambaye angeuimba huu nikamwamini. Lazima awe mtu aliyefagia studio.

Si kila kitu kimezeeka vizuri. Blame It on the Stones, wimbo wa kuwasema wazazi wanaowalaumu Rolling Stones kwa kila kasoro ya watoto wao, umebaki na vumbi la mwaka wake. The Law Is for Protection of the People umehimili: polisi wanamkamata mlevi, kisha kijana mwenye nywele ndefu, na ubeti wa mwisho unatufikisha kwa mtu aliyepigiliwa misumari msalabani.

Iliyo bora kuliko zote

Sasa Old No. 1. Sitazunguka. Kati ya hizi tano ndiyo bora, na ndiyo iliyosikilizwa na watu wachache zaidi huku kwetu.

Guy Clark alizaliwa mwaka 1941 Monahans, mji mdogo wa mafuta magharibi mwa Texas, ambako bibi yake alikuwa na hoteli. Alikuwa fundi wa kutengeneza magita, na aliendelea na ufundi huo maisha yake yote. Kabla ya Nashville alifanya kazi Los Angeles katika kiwanda cha magita ya dobro. Alihamia Nashville mwaka 1971 na mkewe Susanna, mchoraji na mtunzi pia. Jerry Jeff Walker alirekodi L.A. Freeway mwaka 1972 na Desperados Waiting for a Train mwaka uliofuata, na nyimbo hizo zikaanza kumtembeza Guy kabla yeye hajatoka. RCA walipoitoa albamu mwishoni mwa 1975 alikuwa na miaka 34. Kwenye jalada amesimama karibu na picha ya shati la bluu iliyochorwa na Susanna.

Nyimbo ni 10. Hakuna hata moja ya kujazia. Nyuma wanaitikia Emmylou Harris, Rodney Crowell, na kijana Steve Earle ambaye wakati huo hakuna aliyekuwa anamjua. Wanaitikia kwa kiasi, tofauti kabisa na wale wa Willie mwaka 1962. Magita yanasikika kama mbao, fidla inaingia na kutoka, harmonika inapumua. Sauti ya Guy ni kavu na tulivu. Haikwaruzi kama ya Kris, haicheleweshi kama ya Willie. Anatamka kila neno, na kwa msikilizaji aliyejifunza Kiingereza darasani hilo ni jambo kubwa: utamfuata bila karatasi ya maneno.

Linganisha kilichomo na cha Kris. Kris ni msomi wa mashairi, na mara nyingine mistari yake inatangaza jambo: uhuru, upweke, shetani, sheria. Guy hatangazi. Anakuonyesha vitu. Katika Texas 1947 mtoto wa miaka sita yuko stesheni, wazee wameacha dominoz zao, mji mzima umesimama kuliona treni jipya la kasi likipita bila kusimama. Mtoto ameweka sarafu juu ya reli. Treni likishapita, sarafu imebanwa ikawa bapa. Basi. Guy haelezi maana ya treni lile, wala kusema dunia inabadilika na miji midogo inarukwa. Sarafu imeshasema.

Wazee wale wa dominoz wanarudi katika Desperados Waiting for a Train, na yeyote aliyekulia karibu na baraza la Mombasa au Unguja atawatambua mara moja kwa jinsi wanavyokaa na wanavyodanganyana. Wimbo unamhusu mzee mchimba visima vya mafuta aliyekaa katika hoteli ya bibi yake Guy, aliyemlea kijana kwa namna yake: anamfundisha kuendesha gari pale yeye mwenyewe anapokuwa amelewa, anampa pesa za kutumia kwa wasichana, anamkalisha na wakubwa wenzake. Kijana anakua, mzee anazeeka, halafu siku moja anamwona anakaribia miaka 80 na mambo yamemgeuka. Mwaka 1985 Johnny Cash, Waylon Jennings, Willie Nelson na Kris Kristofferson waliokutana kama The Highwaymen waliurekodi. Maana yake wawili kati ya watunzi wa orodha yangu waliuchukua wimbo wa wa tatu wakauimba. Toleo lao ni la kifahari, sauti nne kubwa zikipokezana beti. Lakini wimbo huu ni siri kati ya mtoto mmoja na mzee mmoja, na sauti nne ni nyingi mno kwa siri. Rudi kwa Guy.

Let Him Roll karibu yote ni maneno ya kuongea. Mlevi mzee, mwendesha lifti katika hoteli ya bei rahisi, alimpenda kahaba wa Dallas aitwaye Alice, na hakupona kamwe. Mwisho wake sikuambii. Instant Coffee Blues inawaweka mwanamume na mwanamke wasiojuana asubuhi baada ya usiku mmoja, na kahawa ya unga mezani, na hakuna anayelaumiwa. That Old Time Feeling inahesabu sura za kumbukumbu ya zamani moja baada ya nyingine. Like a Coat from the Cold ni wimbo wa mapenzi wa mtu aliyekwisha kuoa na anayejua kwa nini alioa. Ukitafuta wimbo wa harusi usio na sukari nyingi, huo hapo.

Brandy Clark, na nyumba zenye mapazia yaliyofungwa

Kutoka Guy kwenda kwa Brandy ni hatua ya miaka karibu 40, na ufundi ni uleule: hadithi fupi, mtu mmoja, kitu kimoja mkononi. Brandy alizaliwa mwaka 1975 katika jimbo la Washington, kaskazini magharibi ya mbali. Kabla ya kuimba alikuwa amewaandikia wenzake, akishirikiana na watunzi wengine, Mama's Broken Heart iliyoimbwa na Miranda Lambert na Better Dig Two ya The Band Perry. 12 Stories ilitoka Oktoba 2013 kwa lebo ndogo ya Slate Creek, prodyuza Dave Brainard.

Watu wake ni wanawake wa mtaani. Katika Get High mama wa nyumbani anamaliza kuwalaza watoto, anakaa meza ya jikoni na kuwasha bangi. Take a Little Pill inapita juu ya vidonge vya daktari vinavyorithiwa ndani ya familia. What'll Keep Me Out of Heaven inamfuata mwanamke ndani ya lifti ya hoteli, akipanda kwenda kwa mtu asiye mumewe, na kila ghorofa anajiuliza. Stripes inachekesha: mke amemfumania mume, bastola anayo, na kinachomzuia ni kwamba sare za jela hazimpendezi. Pray to Jesus inaeleza kwa wepesi wa kutisha maisha ya watu waliobakiwa na njia mbili tu za kutoka, sala na bahati nasibu.

Reba McEntire alikuwa amekwisha kuirekodi The Day She Got Divorced kabla ya Brandy, na hapa ulinganisho ni mzuri. Reba ni mwigizaji hodari. Anauchezesha wimbo na unauona ukumbi. Brandy anausema kwa sauti ya jirani anayekupa habari huku anaanua nguo, na talaka inakuwa siku ya kawaida kama nyingine, jambo ambalo linauma zaidi. Kasoro ya albamu ni kwamba sauti yake imesafishwa kuliko hadithi zake, na kwa msikilizaji asiyefuata maneno nyimbo kadhaa zitapita bila kushika. Hii ni albamu ya kusikiliza umekaa.

Stapleton: sauti kwanza

Ukimwekea rafiki yako Traveller, hahitaji maelezo. Sauti itamkamata kabla hajajua wimbo unahusu nini. Chris Stapleton, mzaliwa wa Kentucky mwaka 1978, alifika Nashville mwaka 2001 na kwa zaidi ya miaka kumi alikuwa mtunzi wa wengine: Your Man ya Josh Turner, Never Wanted Nothing More ya Kenny Chesney, Love's Gonna Make It Alright ya George Strait, Drink a Beer ya Luke Bryan. Aliongoza pia kwa sauti bendi ya bluegrass ya The SteelDrivers. Mwaka 2013 alitoa wimbo wake mmoja ambao haukufika mbali, albamu iliyokuwa njiani ikawekwa kabatini, na mwaka huohuo baba yake akafariki. Mkewe Morgane alimnunulia Jeep kuukuu huko Arizona, wakaiendesha hadi Tennessee, na njiani akaandika wimbo ulioipa albamu jina.

Prodyuza alikuwa Dave Cobb, mahali palikuwa RCA Studio A ya Nashville, jengo ambalo mwaka 2014 nusura libomolewe. Albamu ilitoka Mei 2015. Novemba mwaka huo Stapleton alipanda jukwaa la tuzo za CMA na Justin Timberlake, akaondoka na tuzo tatu, na albamu ikarudi kwenye chati ya Billboard 200 ikiingia moja kwa moja namba 1. Kwenye harmonika utamsikia Mickey Raphael, mpigaji wa Willie Nelson wa miaka mingi. Uzi wa familia hii haukatiki.

Lakini wimbo uliompa Stapleton dunia si wake. Tennessee Whiskey ni wa Dean Dillon na Linda Hargrove, na George Jones aliufanya kibao mwaka 1983. Stapleton aliupunguza mwendo, akauingiza kwenye soul, akauimba kana kwamba ulikuwa unamngoja. Ni uimbaji mkubwa. Ila ukiichagua Traveller kwa sababu ya wimbo huo, umechagua mwimbaji. Mtunzi yuko kwingine ndani ya albamu ileile, na lazima umfuate. Yuko Whiskey and You, ambao Tim McGraw aliurekodi mwaka 2007 kwa bendi na mpangilio. Stapleton anauimba na gita moja tu, na chupa na mwanamke aliyeondoka wanawekwa kwenye mizani pale mbele yako. Yuko Daddy Doesn't Pray Anymore, mtoto anayegundua kwamba baba, aliyekuwa akiomba kila siku, sasa haombi tena, na sababu unaielewa kabla hajaisema. Katika nyimbo hizo mbili sauti yake kubwa inainama. Kwingineko, katika nyimbo 14 na zaidi ya saa nzima, mara nyingine inasimama mbele ya maneno na kuyaziba.

Kulingana na wewe ni nani

Kama wewe ni mtu wa Jim Reeves na Don Williams, na hujawahi kumsikiliza mtunzi akiimba, nenda kwa Guy Clark. Utulivu wa Don Williams unao hapo, na hadithi zimezidi. Wasiwasi kwamba hutazijua nyimbo usikusumbue.

Kama unazijua tayari Help Me Make It na For the Good Times kwa sauti za watu wengine, na hizi zimepigwa sana kwenye redio na kumbi za Kenya, albamu yako ni Kristofferson. Vumilia nyimbo mbili za kwanza mpaka sikio lizoee.

Kijana anayekuja kutoka R&B au Bongo Fleva, mpe Traveller, kisha baada ya wiki chache mwelekeze kwenye Whiskey and You. Anayetunga nyimbo mwenyewe, awe Dar au Kampala, na anataka kujifunza jinsi ya kumweka mtu mzima ndani ya dakika tatu, achukue 12 Stories na Old No. 1 pamoja, asikilize moja baada ya nyingine, na ahesabu ni mara ngapi kila mmoja amemweleza msikilizaji ahisi nini. Hatahesabu mbali.

Ukisikiliza mbele ya watoto au wazazi wa kanisa, Willie ndiye salama zaidi, hakuna kitu pale zaidi ya mioyo iliyovunjika. Brandy ana bangi na mahawara, Kris ana vitanda na chupa, Stapleton ana pombe karibu kila kona, na Guy ana Alice wa Dallas.

Kwa Willie pia, ukiipenda albamu ile ya 1962 lakini waitikiaji wakakukera, zipo rekodi zake za vielelezo vya Pamper za miaka hiyohiyo, zilizotolewa baadaye. Humo anaimba bila mapambo, na nyimbo zile zinasimama peke yake kabla mtu yeyote hajazigusa.